Usiku wa Jumatano

Jumatatu, tarehe 1

Manyunyu yameanza leo, siku tisa kabla ya kawaida yake. Hadi saa nne asubuhi mlima ulikuwa hauonekani kabisa. Wingu limekaa juu ya paa la posta kama mgeni aliyekuja na sanduku.

Nimenunua daftari hili kwa ajili ya mambo yasiyopata nafasi gazetini. Mhariri wetu, tunayemwita Mkasi, anataka maneno mia tatu kwa siku kuhusu Foleni, "na yasiwe na hofu." Basi hofu nitaiweka huku.

Kwa kumbukumbu. Miezi yetu mitatu ya angani, Kiongozi, Mfuasi na Mchelewaji, hujipanga mstari mmoja kila baada ya miaka sitini na mmoja. Vitabuni wanaita Mlingano. Mtaani ni Foleni. Miezi hukaa hivyo kwa dakika kumi na tisa. Aliye ndani ya nyumba, mlango ukiwa umefungwa, hapatwi na kitu. Aliye chini ya anga, au kwenye mlango ulio wazi, huruka: hutoweka pale aliposimama, kisha hurudi pale pale, hajazeeka hata siku moja, baada ya miaka kadhaa. Wengine miwili, wengine thelathini. Hakuna aliyewahi kupata kanuni yake.

Ni mwezi huu. Siku yenyewe bado haijatangazwa.

Jumatano, tarehe 3

Manyunyu. Hakuna jipya.

Alhamisi, tarehe 4

Asubuhi Mama alimwamkia Mjomba mlangoni kwake, kama kila siku.

"Shikamoo, Kaka."

"Marahaba, mdogo wangu. Miguu leo inasemaje?"

Mgeni angedhani wanataniana. Mama ana miaka sitini na saba, Mjomba hamsini na minane. Lakini Mjomba ndiye aliyetangulia kuzaliwa. Foleni iliyopita yeye alikuwa na miaka minane, Mama sita. Mama alisahau ndala moja kisimani, akalia, na Mjomba akatoka kuifuata. Alirudi baada ya miaka kumi na mmoja, akiwa na miaka yake ile ile minane, ndala mkononi. Mama wakati huo alikuwa na kumi na saba. Ndala haikumwingia hata vidole. Bado anayo, iko kwenye kabati la vyombo nyuma ya birika.

Mjomba alikuja kuwa fundi viatu. Nyumbani hatujawahi kumuuliza kwa nini.

Mdogo wangu, mwalimu wa darasa la tatu, alikuwa anafunga mkoba wake wa shule. "Siku utakayosikia nakuamkia wewe hivyo, Mwandishi, ujue naumwa."

"Mkubwa ni mkubwa," Mama akamwambia.

"Miaka miwili, Mama! Huo si ukubwa, hiyo ni haraka tu."

Nimempita miaka miwili na hajawahi kuniamkia tangu alipoanza kusema.

Jumamosi, tarehe 6

Mitelezo imeanza. Ndivyo wazee wanavyoziita dakika zinazopotea au kujirudia Foleni inapokaribia. Nilimimina chai, ikafika kikombeni imepoa. Saa yangu ya mkono na saa ya posta zimetofautiana kwa dakika nne. Nimeamua kuziandika tofauti hizi kila siku.

Jumapili, tarehe 7

Dakika tatu.

Jumatatu, tarehe 8

Mlango wa mbele umevimba kwa unyevu na komeo lake halifiki tena kwenye tundu. Mama amelijaribu mara sita. Sijawahi kumwona akijaribu kitu mara sita.

Jioni, kabla ya kufunga, alituhesabu. "Tumetimia?" Aliuliza hivyo tulipokuwa watoto, kisha akaacha, na sasa amerudia. Mdogo wangu alijibu, "Wanne, Mama, na paka wa jirani." Mama hakucheka. Akatuhesabu upya bila paka.

Jumanne, tarehe 9

Mama amemwagiza fundi seremala atengeneze komeo jipya, la mti mgumu. Fundi ni mtu wa Juu, yaani mlimani, karibu na mnara wa darubini. Sisi huku ni watu wa Chini. Watu wa Juu wana ukimya wao na mambo yao ya kizamani, lakini mbao wanazijua. Ameahidi kulileta usiku wa Jumamosi.

Ijumaa, tarehe 12

Dakika sita. Mdogo wangu anasema darasa lake limeandika imla ile ile mara mbili, na mara ya pili wamekosea zaidi.

Jioni, tukiwa tunakula, mlango ukagongwa. Fundi seremala, amelowa, komeo begani.

"Fundi, si ulisema Jumamosi?" Mama akamuuliza.

"Usiku wa Jumamosi ndiyo huu, mama."

"Leo Ijumaa, baba."

Akatutazama mmoja mmoja, kisha akalitazama komeo lake, kama linaweza kumtetea. Tukamwambia ni mtelezo tu, unampata kila mtu, hata saa ya posta. Mjomba akamkaribisha chakula. Alipotoka, mdogo wangu alicheka hadi akashika ukuta. "Huyo ametelezeshwa siku nzima! Na komeo lake mgongoni!"

Komeo lenyewe ni zuri. Likiingia linatoa mlio mmoja mzito na hakuna linalobaki kutingishika.

Jumapili, tarehe 14

Dakika tano. Hakuna aliyeiona miezi tangu tarehe 1. Mtu pekee anayeiona ni mpima nyota, kwa sababu mnara wake umepita juu ya wingu. Mji mzima unasubiri neno la mtu mmoja.

Alhamisi, tarehe 18

Nimepanda mnarani leo. Ngazi mia mbili na kumi na nne. Juu kuna jua, jambo lililonikasirisha kidogo.

Mpima nyota ni mama wa makamo, mwembamba, ana kikohozi na soksi zisizofanana. Wanamwita Bi Darubini. Alinionyesha hesabu zake, kurasa thelathini na moja. Sikuzielewa na sikujifanya kuzielewa. Nilitaka mstari mmoja tu.

"Usiku wa Jumatano, tarehe 31," akasema. "Saa moja na robo."

Nikaandika. Nina desturi moja ambayo Mkasi huwahubiria waandishi wachanga: namsomea msemaji maneno yake mwenyewe kabla sijaondoka. Nikamsomea. "Usiku wa Jumatano, tarehe 31, saa moja na robo. Ni hivyo?"

"Hivyo hivyo. Usiongeze neno."

"Siongezi."

"Wala usipunguze."

Nikateremka kwenye wingu nikiwa na siku mfukoni. Mkasi aliisoma mara tatu na hakukata hata nukta. Katika miaka kumi na tisa hilo halijawahi kutokea.

Ijumaa, tarehe 19

Tangazo limetoka ukurasa wa kwanza. Watu wamelikata na kulibandika milangoni. Muuza mkaa amelibandika kwenye gari lake la mkono. "Hata miezi imejifunza kupanga foleni," ananiambia, "kasoro wateja wangu tu."

Mama amelibandika juu ya komeo. Kiwanda cha nguo kimetangaza kuwa Jumatano zamu ya usiku haitaingia. Soko la jioni la Jumatano limefutwa. Kila kitu kimepangwa vizuri.

Sijui kwa nini silali vizuri.

Jumapili, tarehe 21

Dakika tisa. Mama anatuhesabu asubuhi na jioni.

Jumatatu, tarehe 22

Mjomba ameketi leo mlangoni kwa kazi yake, akishona soli, na mimi nikamuuliza nilichokuwa sijawahi kumuuliza. Ulihisi nini?

"Hakuna. Niliinama kuokota ndala, nikainuka. Kisima kilikuwa kimejengewa ukuta." Akauma uzi. "Nilirudi nyumbani nikakuta dada mkubwa amesimama jikoni. Nikamuuliza, mdogo wangu yuko wapi? Akalia. Nikadhani amekufa. Kumbe ndiye yeye."

"Na shikamoo?"

"Alianza yeye, siku ile ile. Binti wa miaka kumi na saba ananiamkia mimi, sina hata meno ya mbele. Watu walicheka. Lakini mimi, bila ile shikamoo, nisingejua mimi ni nani mle ndani."

Sitalipeleka hili gazetini.

Alhamisi, tarehe 25

Dakika kumi na moja. Leo nimevuka daraja la mtoni, kisha nikajikuta mwanzoni mwa daraja, nikalivuka tena. Nyayo zangu za kwanza zilikuwa bado zimelowa kwenye mbao.

Mama anatuhesabu mara tatu kwa siku. Juzi alinifuata hadi kazini kuniuliza kama nipo.

Jumamosi, tarehe 27

Mama ameniapisha. Alinishika mkono jikoni, akasema, "Wewe ndiye mwenye kutoka toka. Siku hiyo uwe ndani. Mimi sifungi mlango mtu wangu akiwa nje. Nilishafungiwa ndani mara moja, Kaka akiwa nje, najua."

"Nitakuwa ndani, Mama."

"Saa ngapi?"

"Saa kumi na mbili nitakuwa ndani."

Mdogo wangu, kutoka chumbani: "Mwambie aandike, Mama. Neno lake likichapwa ndilo analoliheshimu."

Jumatatu, tarehe 29

Dakika kumi na mbili. Wingu halijasogea. Kesho kazi kidogo, keshokutwa Foleni.

Jumanne, tarehe 30, saa tisa na nusu alasiri

Naandika nimesimama, Mkasi yuko kwenye mtambo.

Nimekutana na fundi seremala darajani, anapanda mlimani karibu mbio, kisanduku cha zana kichwani.

"Mbona mapema, fundi?"

"Leo si ndiyo leo? Nataka nifike jua halijazama."

"Foleni ni kesho."

"Kesho?" Akasimama. "Gazeti lenu limeandika usiku wa Jumatano."

"Ndiyo. Na leo ni Jumanne."

"Leo mchana ni Jumanne. Jua likizama, Jumanne imekwisha. Hapo ni usiku wa Jumatano, kisha kunakucha, mchana wa Jumatano. Nyie huwa mnaanza siku wapi?"

Nikaanza kuhesabu kwa vidole.

"Kama lile komeo," akaendelea, na safari hii aliongea kwa uchungu. "Nilisema usiku wa Jumamosi, nikaleta usiku wa Jumamosi. Mkanicheka."

Bi Darubini ni mtu wa Juu. Alisema neno lake, mimi nikaliandika kama lilivyo, nikamsomea, akakubali. Hakuna aliyekosea hata herufi. Na mji wote wa Chini utakuwa nje leo saa moja na robo: soko la jioni, na zamu mbili za kiwanda zikipishana getini. Kwa hesabu yangu watu mia tisa.

Nimebakiwa na saa tatu na dakika arobaini na tano. Nikiiamini saa yangu.

Tarehe sijui

Naandika mezani, nyumbani. Kalamu ni ile ile. Nitaandika kwa mpangilio, maana nikiacha mpangilio sitaandika.

Mkasi hakupiga kelele. Nilipomweleza, alisema tu, "Kuamkia. Neno moja." Ndiyo, neno moja lilipungua. Tungeandika "usiku wa kuamkia Jumatano", hata mtoto wa darasa la tatu angeelewa. Kisha akavua koti na kuanza kupanga herufi mwenyewe, jambo ambalo sikujua analiweza. Karatasi moja, upande mmoja, herufi kubwa: MASAHIHISHO. PALIPOANDIKWA "USIKU WA JUMATANO" PASOMEKE "LEO". INGIENI NDANI KABLA YA SAA MOJA.

Mtambo ulipokuwa unapata moto nilikimbia shuleni. Mdogo wangu alitoka darasani na chaki mkononi.

"Gazeti limekosea," nikamwambia. "Foleni ni leo."

"Mwandishi amekosea! Nipe nakala, nitaitundika ukutani." Kisha akaniona vizuri. Chaki ikamkatikia mkononi. "Leo saa ngapi?"

"Saa ile ile. Toa watoto sasa hivi, kila mmoja kwao. Halafu nenda kamfunge Mama ndani. Na Mjomba."

"Na wewe?"

"Saa moja kasorobo."

"Mama ulimwambia saa kumi na mbili."

"Nitafika."

Karatasi zilitoka saa kumi na moja. Kila mwenye miguu ofisini alichukua bunda. Sokoni hawakutuamini. Muuza mkaa ndiye aliyetuokoa: alisoma, akabandua tangazo la zamani kwenye gari lake, akaanza kuwasukuma wenzake kwa gari lenyewe. "Ingieni! Foleni imeletwa mbele! Mara moja maishani foleni imeletwa mbele na nyie mnabishana!" Walicheka, na wakicheka watu huondoka. Saa kumi na mbili na robo soko lilikuwa meza tupu na nyanya zilizokanyagwa.

Kikabaki kiwanda. Zamu hupishana saa moja, watu mia nne wakitoka na mia nne wakiingia, na katikati ni uwanja usio na paa. Meneja alinipokea mlangoni, karatasi yangu mkononi mwake.

"Gazeti lenyewe linasema kesho."

"Gazeti limekosea."

"Nani kasema limekosea?"

"Mimi ndiye niliyeandika."

"Basi nikuamini lini? Ulipoandika, au sasa?"

Lilikuwa swali zuri. Nikamweleza habari ya komeo. Sijui kwa nini. Nadhani kwa sababu ndiyo ushahidi pekee niliokuwa nao. Ijumaa, fundi amelowa, "usiku wa Jumamosi ndiyo huu." Meneja alinisikiliza akitazama kucha zake. Mwishowe akasema, "Mama mkwe wangu ni mtu wa Juu. Harusini alikuja siku moja kabla. Hatukumfungulia." Akapiga king'ora. Zamu ya ndani ikabaki ndani, zamu ya nje ikaingizwa ghalani kwenye marobota ya pamba, milango ikafungwa.

Saa ya ukutani kiwandani ilisoma saa kumi na mbili na dakika arobaini na tisa. Yangu pia, na hilo lilinipa moyo isivyostahili. Zilibaki dakika ishirini na sita. Nyumbani ni mwendo wa dakika kumi na tisa.

Mlinzi wa geti alifungua kibanda chake. "Ingia humu, dada. Tutabanana, tutatoka wote."

Ilikuwa sawa kabisa alivyosema. Lakini nilijua jambo ambalo yeye hakulijua: Mama hafungi mlango mtu wake akiwa nje. Nikibaki kibandani nitapona mimi, na wao watatu wataruka wakiwa wamesimama mlangoni kwao wakinisubiri. Nikaenda.

Nilitembea, sikukimbia, anayekimbia huanguka. Barabara ya posta, kona ya muuza mkaa, ngazi za mtoni. Nikavuka daraja. Nikajikuta mwanzoni mwa daraja. Nikavuka tena, kwa mbio safari hii, na nikajikuta mwanzoni kwa mara ya pili, nyayo zangu zikiwa safu mbili mbele yangu. Mara ya tatu lilinipitisha. Saa yangu ilionyesha kuwa sikuwa nimepoteza hata dakika moja. Saa ya posta, nyuma yangu, ilianza kugonga robo nikiwa kwenye kichochoro chetu.

Wingu likapasuka. Sikuwa nimeiona miezi kwa siku thelathini, na hapo niliiona yote: Kiongozi, Mfuasi nyuma yake amebaki ukingo tu, na Mchelewaji, mdogo, mwekundu, anajipenyeza kumalizia mstari.

Mlango wetu ulikuwa wazi. Hatua thelathini, nimezipima leo, ni thelathini na mbili. Mama alikuwa kizingitini, mkono mmoja kwenye fremu, mwingine ameunyoosha. Nyuma yake Mjomba. Mdogo wangu alikuwa amemkumbatia Mama kiunoni, anamvuta, na Mama havutiki.

"Kimbia!" Mama akanipigia kelele. "Kimbia, mwanangu!"

Nilijua mwendo wangu na nilijua nafasi iliyobaki. Sikumtazama Mama. Nilimtazama mdogo wangu.

"Funga!"

Akatikisa kichwa.

"Funga, nakwambia!"

Maisha yake yote hajawahi kunitii, katika jambo lolote, hata kunipisha bafuni. Aling'oa vidole vya Mama kwenye fremu, kimoja kimoja. Mlango ukaja. Nikasikia komeo likiingia, ule mlio mmoja mzito.

Kisha mlango ulikuwa wa kijani.

Mimi niliuacha wa buluu. Kulikuwa na jua. Vumbi lilikuwa kavu kila mahali isipokuwa chini yangu, ambako maji ya manyunyu yalikuwa yanadondoka kutoka kwenye nguo zangu. Jirani aliyekuwa anaanika nguo alizidondosha zote.

Mlango ukafunguliwa. Akatoka mwanamke wa makamo, miwani, mvi pande zote mbili za kichwa, kitambaa cha kufutia vyombo begani. Nilidhani ni mgeni wa Mama. Nikataka kumwuliza wenyeji wako wapi. Kisha nikamwona jinsi alivyoegemeza uzito kwenye mguu mmoja, kama anavyofanya akisubiri watoto watulie.

Tulitazamana. Yeye alikuwa na miaka sita ya kujiandaa, mimi sikuwa na hata dakika. Akavua miwani.

"Shikamoo, dada," akasema.

Nilitaka kusema jambo jingine, lakini jibu la neno hilo ni moja tu.

"Marahaba."

"Ingia. Umelowa."

Siku ya pili

Tarehe ni 14, mwezi wa nne, miaka sita baadaye. Nina miaka arobaini na mitano. Mdogo wangu ana arobaini na tisa.

Mama alifariki miezi kumi na moja iliyopita, kwa moyo, asubuhi, akiwa ameketi jikoni. Nimechelewa kwa miezi kumi na moja. Nimeiandika hivyo ili nisiizungushe.

Nilimuuliza mdogo wangu kama Mama alimsamehe kwa ule mlango. Alichukua sahani akaanza kuikausha. "Mwaka wa kwanza hakusema nami. Mwaka wa pili alianza kunihesabu tena. Alikuwa anasema wanne. Namwambia, Mama, tuko watatu. Ananiambia, wanne, mmoja yuko njiani." Akaendelea kukausha sahani iliyokuwa imeshakauka. "Mimi ndiye niliyekuwa sijajisamehe, kama unataka kuandika."

"Mimi ndiye niliyekuambia ufunge."

"Najua. Ndiyo maana nilikuwa nakuchukia pia. Ilisaidia."

Karatasi ya MASAHIHISHO iko ukutani, kwenye fremu yenye kioo. Alisema angeitundika, ameitundika.

Siku ya nne

Mkasi amestaafu, amekuja na fimbo. Ameniletea hesabu. Jioni ile Chini waliruka watu kumi na mmoja. Wanne wamesharudi, mimi wa tano. Alisema kwa hesabu yake wangekuwa mia tisa na zaidi. Nikamuuliza ameipataje, akaanza kunieleza, tukabishana kuhusu zamu ya usiku hadi chai ikapoa kwa njia ya kawaida.

Siku ya sita

Leo nilimkaripia muuza mkaa kwa sababu amebadilisha kona. Mjomba alinisikia. Ana miaka sitini na minne sasa, mikono inatetemeka lakini bado anashona.

"Utakasirikia vitu vidogo kwanza," akasema. "Mimi nilikikasirikia kile kisima miaka miwili. Vikubwa vitakuja vyenyewe, usivitafute."

Kisha akanipa viatu vyangu nilivyorudi navyo. Ameviwekea soli mpya. Za zamani zilikuwa bado na matope ya daraja.

Ndala ya Mama iko kabatini nyuma ya birika. Sijaigusa.

Siku ya tisa

Jioni mdogo wangu aliegemea mlango, mkono kwenye komeo, akageuka kututazama.

"Tumetimia?"

Mjomba alituhesabu kwa kidole, akanianza mimi. "Watatu."

Komeo likaingia.

Masahihisho. Katika kurasa zilizotangulia, kila palipoandikwa "mdogo wangu" pasomeke vivyo hivyo.